Dakika Ishirini za Asparagasi

Soko lilikuwa limefurika Jumamosi hiyo asubuhi, na mwanamke mwenye gauni la njano lenye mifuko mikubwa alikuwa akikigeuza kifungu kimoja cha asparagasi, ile mboga ya vijiti vya kijani, kwa mara ya nne. Aliangalia juu, akaangalia chini, akanusa. Muuza mboga alikwishachoka naye.

"Dada, hiyo ni mboga tu, haina miguu," ilisema sauti nyuma yake. "Haitakukimbia."

Aligeuka. Alikuwa mwanamume mrefu, shati jeupe limekunjwa mikono hadi kwenye viwiko, kikapu begani, na harufu ya kitunguu saumu ambayo sabuni ilikuwa imeshindwa kuimaliza.

"Naangalia isije ikawa imekaa karibu na kitu kingine."

"Kitu gani?"

"Chochote," alijibu haraka, akabadilisha maneno. "Kwani hii inapikwaje?"

"Kwanza kisu weka mbali. Ipinde hivi." Mwanamume alichukua kijiti kimoja, akakipinda, kikavunjika chenyewe. "Chini ya hapo ni pagumu, tupa. Juu ndiko kwenye utamu. Maji ya moto dakika mbili, zisizidi."

"Dakika mbili kwa saa gani? Hiyo ya mkononi mwako imechelewa dakika nane."

Alitazama mkono wake, akatazama saa kubwa ya soko. Kweli, nane kamili. "Umejuaje?"

"Mimi ni fundi saa. Kibanda changu kiko chini ya ngazi za jengo la benki."

"Na mimi ni mpishi. Basi Mungu ametukutanisha, kila mtu ana kazi ya kumfaa mwenzake."

Jumatatu Mpishi alileta kibandani ile saa ya mkononi. Jumatano alileta saa ya ukutani ya jikoni, akilalamika kwamba imekufa ghafla. Fundi aliifungua, akakuta haina tatizo lolote ila betri imewekwa kinyume kwa makusudi. Alikaa nayo siku tatu, ili mwenyewe apate sababu ya kuja kuiulizia kila siku.

Hivyo ndivyo walivyopendana, na kwa miezi mitatu mambo yalikwenda vizuri isipokuwa jambo moja: Fundi hakula hata punje moja kutoka mkononi mwa Mpishi.

"Haloo, fundi wa moyo wangu."

"Moyo hauna betri, acha maneno yako."

"Umekula mchana?"

"Nimekula."

"Umekula nini, nami sijakupikia?"

"Wali. Nimekuja nao kutoka nyumbani."

"Wali mkavu! Mpenzi, watu wanapanga foleni kwa ajili ya mchuzi wangu, wewe unakula wali mkavu?"

Fundi alicheka, akakata simu, na kicheko kikamwishia hapo hapo. Alikuwa na hofu moja tu, na ilimtosha: karanga. Akiwa na miaka tisa alimega biskuti ya mwenzake shuleni, koo likajifunga, na alichokumbuka ni dari ya hospitali tu. Tangu siku hiyo magauni yake yote yalishonwa mifuko mikubwa, na katika mfuko wa kulia ilikaa sindano ya dharura, ile ya kujichoma mwenyewe pajani. Daktari alikuwa amemwambia kwamba kwa mwili wake, balaa likija huja ndani ya dakika ishirini.

Kwa nini hakumwambia Mpishi? Kwa sababu aliwahi kumwambia mwingine. Yule aliyemchumbia kabla, mama yake alisema mbele ya wageni, "Mwanamke gani huyu wa kuogopa karanga? Akizaa atawalisha nini watoto?" Uchumba ukafa wiki hiyo hiyo. Fundi aliapa kwamba safari hii atapendwa kwanza, ndipo aseme. Naye siku ya kusema aliisogeza mbele kila ilipofika, maana kila siku alikuwa na kingi zaidi cha kupoteza.

Mpishi, kwa upande wake, alianza kunung'unika. Alidhani anadharauliwa. Ijumaa moja mchana alitokea kibandani na bakuli lenye mfuniko, uso umejaa uamuzi.

"Miezi mitatu hujaonja hata chumvi ya mkono wangu. Kama hunitaki, niambie."

"Nani kasema sikutaki?"

"Basi kula."

Alifunua. Asparagasi zilikuwa zimelala sawasawa, kijani kibichi, na juu yake mchuzi mwepesi wenye rangi ya limau, unang'aa, hauzifuniki wala haukimbii pembeni. Harufu ilimfikia Fundi puani, mate yakamjaa, na papo hapo mkono ukaenda kwenye mfuko wa kulia.

"Umeweka nini?" aliuliza.

"Limau, siagi, kitunguu saumu, chumvi."

"Basi? Hakuna karanga, korosho, vitu kama hivyo?"

Mpishi alishtuka kidogo, kisha akacheka. "Hamna, bwana. Kula."

Fundi alijikaza kisabuni. Alimtazama machoni, akayaona yale macho anayoyapenda, akajiambia kwamba mtu hawezi kuishi na mtu bila kumwamini. Akala kijiti kimoja. Ilikuwa tamu kuliko kitu chochote alichowahi kuweka mdomoni.

Alipofika cha pili midomo ilianza kumwasha.

Masikio yakapata joto. Koo likaanza kubana, taratibu, na saa zote za kibandani zilikuwa zikigonga kwa pamoja. "Umenidanganya," alisema, au alidhani amesema. Mpishi alimwona akipapasa mfukoni, akijichoma kitu pajani, akiteleza kutoka kwenye kiti, na bakuli likianguka naye. Alipiga ukelele ambao watu wa benki waliusikia ghorofa ya tatu.

Dada yake Fundi, mwenye saluni ng'ambo ya barabara, ndiye aliyekimbilia teksi. Ndiye pia aliyeshika simu hospitalini siku mbili mfululizo.

"Shemeji, nakuomba, niambie tu anapumua."

"Anapumua. Na mimi si shemeji yako. Usipige tena."

Mpishi alipiga tena. Alipiga mpaka simu ikazimwa. Kisha akaandika, na Fundi alipopata nguvu ya kusoma alikuta ujumbe mmoja tu mrefu kati ya zile simu zote:

"Kuna kijiko kimoja cha unga wa karanga. Ndicho kinachoshika mchuzi wangu usiwe maji. Kila mpishi mjini anaitafuta siri hiyo, na kila anayeuliza namkatalia. Uliponitajia karanga nilidhani umeinusa siri yangu, nikakataa kwa mazoea. Sikujua nacheza na roho yako. Sistahili jibu."

Aliusoma mara tatu, akaufuta, akajuta kuufuta.

Wiki tatu zilizofuata Fundi aliishi na hofu asiyoizoea. Ile ya zamani ilikuwa ya karanga, na karanga unaweza kuziepuka. Hii mpya ilikuwa ya watu. Mdomo uliomwita mpenzi ndio huo huo uliosema hamna. Akaogopa chai ya dada yake. Akaogopa maji ya chupa iliyokwisha kufunguliwa. Alikula wali aliouchemsha mwenyewe, na wakati mwingine hata huo aliuacha. Mkanda wa gauni ukaingia tundu la tatu. Na usiku na mchana alimkumbuka yule mwongo, jambo ambalo lilimuudhi kuliko yote.

"Utakufa kwa njaa ukiogopa kufa kwa chakula," dada yake alimwambia. "Na wewe nawe una lako. Ulimficha miezi mitatu."

"Uko upande wake?"

"Niko upande wa mifupa yako, maana ndiyo iliyobaki."

Jumanne moja alikuwa akirudi kupeleka saa kwa mteja, miguu ikampitisha mtaa wa mgahawa, ingawa ulikuwa mzunguko. Pale mlangoni palikuwa na ubao mkubwa mweusi. Mpishi alikuwa amepiga magoti mbele yake na chaki, amekonda, ndevu hazijanyolewa. Ubaoni alikuwa ameandika kila chakula na kila kilichomo, mpaka mafuta. Na juu kabisa, kwa herufi ambazo hata kipofu angezipapasa: MCHUZI WANGU UNA KARANGA. ULIZA, UTAAMBIWA.

Wapita njia wawili, wenye makoti meupe ya jikoni, walisimama, wakasoma, wakaangua kicheko. "Kumbe ni karanga tu! Miaka yote hiyo!" Mpishi hakugeuka. Aliendelea kuandika.

"Umekosea," Fundi alisema. "Kitunguu saumu umekiandika mara mbili."

Chaki ilianguka. Alisimama polepole, mikono imejaa unga mweupe, asijue aiweke wapi.

"Umepona?"

"Nimepona. Sijapona. Na mimi nilikuficha. Ningekwambia siku ile sokoni, usingeweka."

"Na mimi nilikudanganya uliponiuliza. Yako ilikuwa hofu. Yangu ilikuwa majivuno."

Fundi aliiokota chaki, akampa, kisha akasema jambo ambalo hakujua kwamba angelisema: "Jumapili saa sita mchana, njoo kwangu. Utanipikia ile ile."

Mpishi alirudi nyuma hatua nzima. "Sikupikii. Mkono wangu unakuogopa."

"Hata mimi naogopa. Tutaogopa wote wawili."

Jumapili alikuja na mikono mitupu, kama alivyoambiwa. Kikaango kilikuwa kipya, kijiko kipya, siagi haijafunguliwa. Alinawa hadi kwenye viwiko, mara mbili, kisha akanawa tena. Fundi alikaa kwenye stuli karibu vya kutosha kuona kila kidole. Sindano ilikuwa mezani, na pembeni yake simu na saa ya mezani ya marehemu baba yake, isiyowahi kukosea.

Mpishi alipinda vijiti kimoja kimoja, akavitia katika maji yaliyochemka. Dakika mbili. Akavihamishia kwenye maji baridi, visipoteze rangi. Kisha kitunguu saumu kidogo, maganda ya limau yaliyokunwa, kata moja ya yale maji ya kuchemshia, na mwisho siagi baridi, donge baada ya donge, huku akikizungusha kikaango bila kupumzika. Mchuzi ulishika. Ulikuwa mwepesi, unang'aa.

"Siku zote nilidhani bila karanga hautashika," alisema, jasho likimtiririka. "Nimeujaribu mara thelathini tangu siku ile."

"Onja kwanza."

Alionja. Fundi akapiga moyo konde, akachukua kijiti kimoja, akala chote, akaitazama saa. Saa sita na dakika thelathini na moja.

Walikaa mkabala. Dakika ya sita Mpishi alikuwa akimtazama midomo, na si kwa mapenzi. Ya tisa simu iliita, wakaruka wote.

"Uko hai?" aliuliza dada.

"Niko dakika ya tisa."

"Sikati simu. Iweke hapo mezani."

Dakika ya kumi na nne Mpishi akasema ghafla, "Nioe. Yaani, nikuoe. Sijui nimesemaje."

"Uliza ikipita ya ishirini. Sasa hivi siwezi kukujibu, sijui kama nipo."

Dakika ya kumi na saba koo likamwasha. Alishika shingo. Mpishi aliinyakua sindano, uso umekwisha damu, na sauti ya dada ikapiga kelele kutoka mezani: "Nini? Semeni!" Fundi aliinua mkono. Alimeza mate. Yalipita. Akameza tena, yakapita tena. Ilikuwa limau. Ilikuwa limau na woga, na vyote viwili alivifahamu.

Mshale ukasogea. Kumi na tisa. Ishirini. Ishirini na moja.

Mpishi alifungua mdomo aulize, na badala ya swali yakatoka machozi. Aliuficha uso wake kwa kitambaa cha jikoni, mabega yakatikisika. Fundi aliirudisha sindano mfukoni kwa utaratibu, akaivuta sahani upande wake, akahesabu.

"Zimebaki sita. Kama tunaoana, nne zangu."

Akala cha pili, na safari hii hakuitazama saa.

"Shemeji!" dada aliita kutoka kwenye simu. "Acha kulia bwana, mtilie mwenzio mchuzi."