Karatasi ya Matanga ya Muzee Modeste

Ninaapa mbele ya padri, na mbele ya mke wangu ambaye ni mkali kuliko padri: haya yote yalitokea hapa Mabanga, na sikutia chumvi hata kidogo.

Muzee Modeste alikuwa fundi wa kujenga kwa mawe ya volkano. Lori likigonga ukuta wake, lori ndilo lililoomba msamaha. Alipofika miaka sitini na tano alitundika nyundo. Akabaki kukaa mlangoni, anakunywa chai na kutazama pikipiki zikipita.

Jumapili moja rafiki yake Paulin aliimba kwaya. Jumatano walimzika. Kwenye matanga, Mama Olive alisoma karatasi ya maisha ya marehemu. Olive ni katibu wa shirika, kundi la majirani Wakatoliki wanaosali pamoja. Watu walilia sana. Modeste aliogopa. Yeye na Paulin walikuwa rika moja.

Kesho yake alikwenda kwa Olive.

"Mama, niandikie yangu mapema. Iwe ndefu. Weka kwamba nilivuka milima yote ya Masisi na ng'ombe begani."

"Ng'ombe muzima, papa?"

"Basi, weka ndama."

Olive alicheka, akashika kalamu. "Watakaosikia ni majirani zako, na wanakujua. Niambie tu: mwaka huu umemsaidia nani?"

Modeste alikuna kichwa. "Nilimusalimia Laurence."

"Yule mjane wa chini kule? Anayeanguka na bidoni la maji kwenye mawe makali?"

"Njo yeye, huyo huyo. Nilimupa pole."

Olive aliandika, akamwonyesha. Mstari mmoja. Kwingine kote karatasi ilikuwa nyeupe.

"Nikifa kesho, watasoma hii?"

"Njo hii, papa."

Modeste aliinamisha kichwa. "Basi nimechelewa."

"Si bado unapumua? Mungu hatupi siku za kufungia kabatini. Maisha ni mafupi, kwa hiyo chagua kazi unayoiweza, na mutu anayeihitaji. Halafu taja siku ya kuanza."

Modeste alifikiri. "Alhamisi."

Alhamisi aliteremka na nyundo. Laurence alitoka mbio.

"Muzee, unanivunjia njia?"

"Ninakujengea ngazi."

"Na mugongo wako?"

"Mugongo ni wa Mungu. Mie natumia tu."

Alichonga jiwe, akalilaza, akalikanyaga kuona kama linacheza. Halikucheza. Kila Alhamisi alirudi. Majirani wakaanza kuleta mawe. Mama wawili wa shirika wakajifunza kuchonga.

Siku ya mwisho Laurence alipanda na bidoni la lita ishirini mgongoni, bila kuteleza. Alipofika juu aligeuka, akapaza sauti:

"Angalieni kazi ya Papa Modeste!"

Modeste alinyoosha koti na kutoa kifua mbele. Lakini hakuuliza habari ya karatasi. Aliuliza: "Alhamisi ijayo tunaanza wapi?"

Ngazi zilikuwa arobaini kamili.

Nilipofika hapo katika kuandika, nilimpa Mama Olive asome. Akavaa miwani.

"Arobaini? Twende tuhesabu."

Tulihesabu, Modeste akiwa nyuma yetu. Ishirini na sita.

"Papa, zingine kumi na nne ziko wapi?" aliniuliza.

Modeste alinipa nyundo tu.

Sasa kila Alhamisi niko kwenye njia ya pili, ile inayoteremka bombani. Wiki hii nimelaza ngazi ya tisa. Nimeikanyaga kwa miguu yote miwili, na haichezi.