Wivu Uliofunga Maduka ya Kasoki

Kila Jumamosi Rosine aliamka mapema, akafungua milango ya chuma ya duka lao la Ndosho, pembezoni mwa Goma, akaanza kupigana na vumbi. Vumbi la Goma ni jeusi na halina adabu. Ukilifuta kwenye masufuria asubuhi, mchana limehamia kwenye magodoro. Rosine alipangusa, akapanga viatu vya shule, kisha akatundika vikwembe vipya, vitenge vya maua, mlangoni ili wapita njia wavione. Alikuwa na umri wa miaka kumi na mitatu, na kazi hiyo aliijua vizuri.

Duka hilo halikuwa peke yake. Yalikuwa matatu, na watu waliyaita yote kwa jina moja: Kwa Kasoki. Kasoki alikuwa bibi yake Rosine, na wajukuu wote walimwita Koko. Alitoka Butembo akiwa bado msichana, akaanza kuuza samaki wa chumvi wa Vitshumbi katika soko la Birere. Samaki wakaleta maharagwe, maharagwe yakaleta vikwembe, na vikwembe vikaleta duka lenye kila kitu, kuanzia sindano hadi kabati la nguo. Watoto wake walipokua, aliwagawia kazi. Papa Henri, mkubwa, alishika duka la mjini. Papa Lévi, baba yake Rosine, alishika la Ndosho. Shangazi Masika alipelekwa Rutshuru.

Koko alikuwa na sheria moja, na ole wako ukiivunja. Mteja akikosa kitu katika duka moja, asiambiwe hakuna. Apewe kiti na chai, aambiwe, "Keti, Mama, kinakuja," na mtu atumwe kwa pikipiki kukichukua katika duka la ndugu. Ndiyo maana wenye harusi walikimbilia kwao. Harusi ya Goma unaijua: shangazi wote, mama wadogo wote na majirani pia wanataka kuvaa kikwembe cha namna moja. Duka gani moja litavalisha ukoo mzima? Kwa Kasoki waliweza, maana maduka matatu yalikuwa ghala moja.

Lakini Rosine alikuwa na donge moyoni. Duka la mjini lilikuwa na ghorofa! Lilikuwa na vioo, jenereta, na ngazi ya vigae. Joviale, mtoto wa Papa Henri, aliyekuwa rika lake, alipanda na kushuka ngazi ile kama mke wa gavana. Na kila Jumapili baada ya misa hakukosa kitu kipya cha kuonyesha.

"Rosine, umeona viatu vyangu? Papa aliniambia nichague mwenyewe."

"Vizuri," Rosine alijibu, akificha miguu yake chini ya benchi. Neno lilikuwa vizuri, lakini roho ilikuwa inamuuma kama jino bovu.

Nyumbani nako wivu ulipikwa na kupakuliwa kila jioni. "Mali nzuri yote inabaki mjini," Papa Lévi alilalamika huku akimega ugali. "Sisi wa Ndosho tunaletewa mabaki. Utadhani tuliokotwa."

"Papa Rosine, watoto wanasikia," mama alimwonya.

"Wasikie! Si ni kweli?"

Rosine alisikia, na akaweka moyoni.

Siku moja Papa Lévi alikuwa ameenda Birere kupokea mzigo, na Rosine alibaki dukani. Akaingia Mama Chance, mwanamke mnene mwenye sauti kubwa, kiongozi wa akina mama wa parokia. Binti yake Chance alikuwa anaolewa. Aligusa kikwembe cha buluu chenye maua ya njano, uso ukamng'aa.

"Hiki hiki ndicho tunachotaka! Lakini hivi havitoshi, mutoto wangu. Sisi ni wengi." Akavuta kiti, akajiketisha mwenyewe. "Tuma mutu mjini. Mimi nangoja chai yangu."

Rosine alijua vizuri kwamba mjini vipo. Jana yake tu aliviona, vimepangwa karibu na ile ngazi. Alifungua mdomo kusema "kinakuja", na papo hapo akamwona Joviale akilini, akicheka, akichagua viatu vingine kwa faida ya harusi hii.

"Mjini hakuna, Mama," akasema. "Vimekwisha. Usijisumbue kungoja."

"Aka!" Mama Chance akainuka. "Hata Kwa Kasoki mnasema hakuna? Kweli dunia imegeuka." Akatoka, akavuka barabara, akaingia katika duka la mzee Harelimana.

Usiku ule Rosine alilala na furaha. Wacha nao wakose! Hakufikiri kwamba duka la Ndosho nalo lilikuwa limekosa.

Neno likimfikia Mama Chance limefika Goma nzima. Akina mama wa kwaya wakaambiana, wauza nyanya wakaambiana: Kwa Kasoki siku hizi hakuna kitu. Wateja wa harusi wakapungua, kisha wa magodoro, kisha hata wa sindano. Watu wa familia walilaumu barabara ya Rutshuru iliyofungwa kila mara, wakalaumu vita. Ni kweli, barabara na vita viliumiza kila mfanyabiashara. Lakini mbona ng'ambo ya barabara, kwa Harelimana, watu walisukumana mlangoni?

Shangazi Masika alikuwa wa kwanza kufunga. Alirudi Goma juu ya lori, amekaa juu ya mabunda ya mali iliyobaki. Kisha Papa Henri akauza jenereta, na ghorofa ikawa giza. Siku Rosine alipomwona Joviale akienda shuleni kwa miguu, viatu vimechanika pembeni, moyo wake ulicheza ngoma.

Ngoma hiyo haikuvuka wiki. Jumamosi Papa Lévi alitazama rafu zilizobaki wazi, akasema bila kugeuka, "Muhula huu ukiisha tunafunga. Tunarudi Butembo."

"Na shule yangu, Papa?"

"Butembo kuna shule."

"Na Koko?"

Baba alichukua kitambaa, akapangusa rafu tupu. Koko aliishi katika chumba cha nyuma ya duka la Ndosho, na kila mtu alijua kwamba hatatoka Goma. Rosine alikimbilia stoo, akajifungia, akalia hadi kamasi zikamtoka. Mchimba kisima huingia mwenyewe, wahenga walisema, na sasa alikuwa ndani ya kisima chake.

Jumapili, misa ilipokwisha, Koko aliwaita wote Ndosho. Alikaa katikati ya duka tupu juu ya gunia la mchele, mdogo wa mwili, mkali wa macho.

"Leo nimemuuliza Mama Chance kwa nini binti yake aliolewa na vikwembe vya Harelimana," alianza. "Rosine, unajua alinijibu nini?"

Rosine angeweza kusema Mama Chance amesahau. Angeweza kusema alikosea. Akamtazama Koko, akashindwa.

"Nilidanganya, Koko. Nilijua viko mjini. Sikutaka akina Joviale wapate."

"Weye mutoto!" Papa Lévi aliruka kutoka kitini, mkono juu. "Umetuua!"

"Keti, Lévi," Koko akasema. "Mutoto hakuzaliwa na wivu huo. Aliula kwenye meza ya nani?"

Mkono wa Papa Lévi ulishuka taratibu. Kisha ikasikika sauti nyembamba kutoka mlangoni.

"Koko, hata sisi." Alikuwa Joviale. "Watu walikuja kutafuta magodoro. Tulijua yako hapa Ndosho. Papa alituambia tuseme yamekwisha. Na mimi nilisema."

"Kwa nini, mutoto wangu?"

Joviale akaanza kulia. "Kwa sababu unaishi hapa. Rosine anakula na weye kila siku. Mimi nakuona Jumapili tu, kama mugeni."

Rosine alibaki mdomo wazi. Mwenye ghorofa, mwenye vioo, alikuwa akiionea wivu sahani ya sombe, mboga ya majani ya muhogo, ambayo yeye aliichoka!

Koko akamgeukia mwanawe mkubwa. "Henri?"

"Nilidhani unampendelea Lévi, Mama," Papa Henri alisema, macho chini.

"Na Lévi alidhani nakupendelea weye." Koko alipiga makofi mara moja, kwa uchungu. "Lo! Kikulacho ki nguoni mwako. Mimi nalaumu barabara, kumbe tunatafunana wenyewe! Sasa sikieni. Hakuna anayekwenda Butembo. Mali ya mjini ije hapa, mali ya Masika ije hapa. Tuwe na duka moja."

"Lakini Mama, mjini kuna vioo," Papa Henri akajaribu.

"Vioo haviliwi."

Jioni ile Rosine na Joviale walitumwa kwa Mama Chance kuomba radhi. Mama huyo aliwafokea mpaka majirani wakachungulia. Alipochoka akawapa maandazi, akawaambia atakuja mwenyewe kuona kama wamebadilika. Hakuahidi zaidi ya hapo.

Jumatatu mali ya mjini ilifika Ndosho juu ya chukudu, zile baiskeli za mbao za kusukuma, mabunda kwa mabunda. Rosine alikuwa anashusha magodoro pamoja na Joviale alipouliza lile lililomkaa rohoni.

"Koko, maduka matatu yatarudi?"

Bibi yake hakumdanganya. "Sijui. Duka linajengwa kwa mikono. Imani ya mteja ikivunjika, hata mimi sijui inajengwa na nini. Lakini jambo moja najua, na mulishike nyote wawili. Ndugu ni watu waliopanda ngazi moja. Ukimwona mwenzako yuko juu, wivu utakwambia umvute mguu aanguke. Sasa jiulize, mutoto wangu: akianguka, atamwangukia nani?"

Rosine alishika upande mmoja wa godoro, Joviale akashika wa pili, wakaliingiza dukani.