Aliyekaa Kiti cha Mizimu

Jua lilipoanza kuzama, Samorn alipanga viti vya plastiki mbele ya kibanda cha mizimu, kando ya mfereji. Alikuwa ameweka nadhiri: binti yake Pikul akipona homa, mizimu itaonyeshwa sinema. Na Pikul akapona. Mumewe Kamron akafunga turubai, akawasha mashine, ikaanza ile filamu kongwe ya bibi harusi mfu. Viti vya mbele ni vya wenyewe, mizimu. Walio hai husimama nyuma.

Sasa huyo Samorn na umbea wake wa macho! Filamu ile kaiona tangu usichana, na bado huchokonoa pembeni mwa picha: kioo kisicho na sura, kivuli kisichomfuata mwenyewe.

"Baba Pikul, umeona chini ya meza ya karamu? Kuna mkono."

"Wa fundi taa huo. Nawe kwa kuzua!"

"Fundi gani ana kucha vile? Ngoja nisogee."

"We mwanamke! Huko kuna wenyewe..."

Keshakaa.

Kiti kilikuwa na joto. Kisha ute ukapenya sketi, ukamnata mapajani kama kamasi. Uvundo wa samaki aliyeoza ukamjaa puani. Na bado akakodoa macho, asikose.

Chini ya meza hapakuwa na fundi. Msichana alichuchumaa akifyonza utumbo. Funza walimdondoka puani, naye akiwadaka kwa ulimi. Akainua uso.

Pikul.

Kiti kilichokuwa kushoto kwa Samorn kikalia. Kitu kikatafuna... nyap... nyap... Pumzi chafu ikamgusa sikio.

"Tulikurudishia mwana kwa sinema," ikanong'ona. "Kumbe wataka kukaa nasi? Basi naye atakula nasi."

Samorn alikimbia huku anatapika. Kamron hakuzima mashine, nadhiri haikatizwi. Mpaka leo anaapa kwamba chini ya ile meza aliona mkono tu.

Pikul yu hai, ananenepa, mashavu yanang'aa. Wali hagusi. Kila alfajiri mama yake huenda sokoni kuomba matumbo ya samaki wa juzi, eti ya paka.

"Mama Pikul, paka wako huyo mbona hatumwoni?" muuza samaki humtania. "Au amekuoa?"

Wanawake wa pale huangua kicheko. Samorn hacheki. Hupokea mfuko, hugeuza uso asinuse, huyoo, mbio nyumbani.

Maana akichelewa, binti humshika mkono taratibu... na kuanza kumlamba vidole.