Taa ya Kiti cha Abiria

Kabla sijafungua mdomo, niapie. Sema hutamwambia mtu, hata dada yako wa tumbo moja, hata yule shoga yako mwenye kifua kama kapu lililotoboka. Aliyenipa habari hii aliapishwa na fundi, na fundi aliapishwa na mwenye gari. Kiapo kimepita mikono mingi mpaka kimechakaa. Basi sogea, nikuambie.

Mwenye gari alikuwa muuguzi. Mumewe alifia ndani ya gari hilo hilo, kwenye kiti cha mbele cha abiria, mkewe akiwa ndiye anayeendesha kumkimbiza hospitali. Alimsemesha njia nzima, tumefika, tumefika, vumilia, kumbe mwenzake alishaondoka kona tatu nyuma.

Tangu siku ile yule mwanamke akawa ganzi. Hakulia. Chai ikimchoma ulimi aliendelea kunywa tu. Kazini wakamsifu kwa ujasiri, mtaani wakasema hakumpenda mume, maana watu hawana adabu. Kitu kimoja tu ndicho kilichomtoa kitandani asubuhi: binti yake wa miaka sita, aliyetaka kusukwa nywele na kupelekwa shule.

Sasa sikia ilivyoanza. Asubuhi moja ikawaka taa nyekundu kwenye dashibodi, picha ya mtu aliyekaa na duara mbele ya kifua chake. Ni taa ya mfuko wa hewa, ule ambao mafundi huuita eabegi, unaofumuka gari likigongwa. Kesho yake ikaja kengele ya mkanda. Ti, ti, ti. Muuguzi alikuwa amefunga wake, mtoto nyuma amefunga wake.

"Mama, mwambie na yeye afunge," mtoto akasema.

"Nani?"

"Huyo aliyekaa mbele."

Muuguzi akatazama kiti cha abiria. Kitupu. Akanyoosha mkono, akavuta mkanda, akaupitisha juu ya hewa na kuufunga, tak. Kengele ikanyamaza. Akaendelea kuendesha. Baadaye alikuja kusema kwamba alijua pale anapaswa kuogopa, akatafuta woga ulipo, hakuuona.

Habari ya taa ikamfikia wifi yake, dada mkubwa wa marehemu, anayekaa mji mwingine. Wifi huyo ni mama wa mwili na wa maneno. Akapiga simu kwa baba yake mzazi, ambaye ndiye baba mkwe wa muuguzi, akasema gari lililomzika mdogo wake halitamzika na mtoto. Taa isipozimwa kufikia Jumamosi, yeye anakuja kumchukua mtoto akamlee kwake. Baba mkwe akakubali. Alimwambia muuguzi kwa upole, lakini alimwambia. Muuguzi akajibu, "Sawa, baba," akaenda kutafuta fundi.

Fundi umeme wa magari wa mtaa ule wanamwita Taratibu. Ukimpelekea gari la harusi, utalichukua la kupelekea watoto shule. Ana mazoea mawili. La kwanza, akigusa mambo ya eabegi hutoa kwanza waya wa betri, kisha hukaa dakika kumi amekunja mikono, umeme uliobaki uishe, maana ule mfuko ukifumuka usoni mwako utayaokota meno yako kwa ufagio. La pili, mashine yake ya kupimia akiichomeka, kila inachoandika hukisoma kwa sauti kubwa, kama anayeita majina ya wanafunzi darasani.

"Mfuko wa hewa wa ubavuni, upande wa abiria, waya umeachana," akasoma siku ile ya kwanza. "Kiti cha abiria, mtu yupo." Akainua kichwa. "Dada, hapa kuna mtu?"

"Hapana."

"Basi kile kitambuzi cha uzito kilichomo kitini kimekufa. Si jambo geni."

Akapiga magoti, akachungulia chini ya kiti. Mle kuna soketi ya njano, ndiyo inayopeleka umeme kwenye mfuko wa ubavuni. Ilikuwa imechomoka. Akairudishia, akaikaza kwa tai ya plastiki, ule ukanda mwembamba wa kufungia waya, akaweka kitambuzi kipya. Akakijaribu kwa mfuko wa saruji: mtu yupo. Akautoa: hakuna mtu. Akamkalisha muuguzi: mtu yupo. Taa ikazimika.

"Usisukume kitu chini ya kiti, hata mwavuli," akamwonya. Huo ndio ugonjwa wa magari mengi.

Siku ya tatu taa ikawaka tena. Taratibu akachungulia. Soketi ilikuwa nje. Tai ya plastiki ilikuwa pale pale, imefungwa, haijakatwa wala kulegea, inaning'inia kama pete iliyovuliwa kidoleni. Na mle chini palinuka udongo uliofukuliwa sasa hivi.

"Dada," akanong'ona, "mnaishi wangapi pale nyumbani?"

"Wawili."

 Taratibu akasema Jumamosi atakuja yeye mwenyewe nyumbani, mchana, watu wakiwepo.

Jumamosi ikafika. Uani alikuwepo baba mkwe juu ya kiti cha plastiki, Taratibu na mashine yake, muuguzi na mwanawe, na majirani watatu waliojidai wanaanika nguo. Dakika kumi za fundi zikiwa katikati, wifi akatokea. Hakuna aliyesikia geti.

"Mbona mmenuna kama mnasubiri sindano?" akasema. "Fundi naye kakunja mikono. Gari linatengenezwa kwa kuangaliwa siku hizi?"

Majirani wakacheka kidogo. Mtoto akajificha nyuma ya gauni la mama yake.

"Msalimie shangazi yako," babu akamwambia.

"Nilishamsalimia, babu. Kwenye gari."

"Mtoto anaota mchana," wifi akasema. Akamgeukia muuguzi. "Ona, wifi. Unamlea hivi? Wewe hata machozi huna, utampa nini mtoto?"

 Muuguzi alikuwa anatazama miguu ya wifi yake, viatu vyeupe ambavyo havikuwa na vumbi hata chembe, na njia ya kuja pale ni vumbi mpaka kwenye magoti.

Taratibu akafunga soketi kwa tai mbili, akarudisha waya wa betri, akazungusha ufunguo. Taa nyekundu ikawaka, ikahesabu sekunde zake, ikazimika. Baba mkwe mwenyewe akaja kuchungulia, akatikisa kichwa kukubali.

"Imezimika. Mtoto abaki na mama yake."

"Taa kuzimika si kitu," wifi akasema. "Acha nikae mimi nione." Akazunguka, akafungua mlango, akajitupa kwenye kiti cha abiria na mwili wake wote ule, na gari halikutikisika.

Taratibu, kwa mazoea tu, alikuwa anasoma. "Mfuko wa ubavuni, sawa. Mkanda, sawa. Kiti cha abiria..." Akaisogeza mashine karibu na macho.  "Kiti cha abiria, hakuna mtu."

"Mwili huu wote, hakuna mtu?" wifi akacheka.

Hakucheka mwingine. Taratibu akafuta, akapima upya, akasoma kwa sauti ya chini, "Hakuna mtu," na ndipo akaelewa kwamba kitambuzi cha kwanza hakikuwa kimekufa, kwamba kitu kile kilipokuwa hakionekani kilikuwa na uzito, na sasa kinapoonekana hakina, na kabla hajapata la kusema geti likalia, akaingia wifi, wifi yule yule, mwili ule ule, vumbi mpaka magotini na kikapu kichwani, jasho linamtoka, anasema kwa sauti ya mtu aliyechoka kwamba wamsamehe kwa kuchelewa, basi limewaharibikia njiani, yuko wapi mtoto, kisha akaona watu wote wamegeuza shingo mara kwake mara kwenye gari, akaangalia kule walikoangalia, akajiona amekaa kwenye kiti cha mbele na mlango uko wazi, anatabasamu, na harufu ya udongo wa kaburi ikajaa uani, na taa nyekundu kwenye dashibodi ikawaka.

Majirani wakaangusha nguo na kukimbia. Baba mkwe akashikilia kiti chake cha plastiki, midomo inacheza dua isiyotoka. Taratibu alikwama na mashine mkononi, akasoma, maana hakujua kufanya lingine, "Soketi imechomolewa. Sasa hivi."

Aliyekwenda ni muuguzi. Alitembea kama anavyotembea wodini, akainama mlangoni, akapitisha mkono chini ya kiti. Alikutana na mkono mwingine. Mtu yule alikuwa amekaa wima, mikono yote miwili mapajani. Huu ulikuwa wa tatu, mrefu, umeshuka kutokea nyuma ya mgongo wake. Muuguzi akaushika kifundoni, akauvuta ukatoka nje juani, kila aliyebaki akauona, na katikati ya vidole vyake soketi ya njano.

Kitu kile kikaacha kutabasamu. Kikavuta. Yeye hakuachia. Akaweka vidole viwili mahali pa mapigo, akatazama saa yake, akahesabu dakika nzima, kama afanyavyo kwa mgonjwa yeyote.

Hapakuwa na kitu.

"Wifi," akamwambia yule wa getini, bila kuinua sauti, "mchukue mtoto utoke naye nje. Mchomoaji nimemshika."