Theluji Ilivyomchoma Chiriku Macho

Kijiji kiko juu sana mlimani. Asubuhi nyingine mawingu hupita chini ya nyumba. Watoto wa huko huamka, hukoka moto, hunywa chai, kisha huwapeleka mbuzi malishoni. Chiriku alikuwa na miaka tisa. Bibi yake alimpa jina hilo kwa sababu hakunyamaza hata akitafuna.

Siku moja theluji ilitanda kila mahali, na jua lilifunikwa na mawingu.

"Jua lenyewe liko wapi hata nivae kofia?" alisema Chiriku. Akatoka mbio kichwa wazi.

Jioni alirudi kimya. Bibi akashtuka. Macho ya mtoto yalikuwa mekundu, machozi yakimtiririka.

"Bibi, ni kama nimetiwa mchanga machoni. Nitakuwa kipofu?"

"Kipofu wapi wewe! Ngoja nikutie maziwa ya mbuzi. Sisi tulitibiwa hivyo hivyo."

Lakini bibi naye aliogopa.

Muuguzi, jirani yao, alisikia kilio akaingia.

"Samahani, bibi. Maziwa ni ya kunywa. Machoni yataleta vijidudu." Akamkagua Chiriku. "Hii ni theluji, mwanangu. Inarudisha mwanga wa jua, na mwanga huo unachoma macho."

"Mbona leo hakukuwa na jua?"

"Wingu halizuii miale yote. Hapo ndipo wengi tunapokosea. Usiyapikiche, eh?"

Akafunga dirisha. Akamwekea kitambaa safi chenye maji baridi juu ya macho.

"Apumzike gizani. Siku mbili tu, yatapona. Yasipopona, mleteni zahanati."

Kisha akaomba boksi tupu. Akakata kipande cha kufunika macho, akatoboa mwanya mwembamba mbele ya kila jicho, akatia kamba.

"Miwani ya jua ni bora zaidi. Mkiikosa, hii itasaidia. Na kofia juu yake."

Siku ya tatu Chiriku alifumbua macho, akamtazama bibi yake.

"Bibi, una masizi puani."

Bibi akacheka huku analia.

Wiki ile watoto wote walijikatia maboksi. Mbuzi walipowaona wachungaji hao wapya, walitimua mbio! Lakini msimu ule hakuna mtoto aliyeumwa macho tena. Na kila asubuhi ya mawingu, bibi alisimama mlangoni na boksi lake usoni, akiwafokea waliosahau:

"Wewe! Rudi uvae! Wingu lisikudanganye!"