Sahani ya Kioko

Kila Jumamosi saa saba mchana, stoo ya baba yangu kwenye Barabara ya Yide, jijini Guangzhou, China, ilinukia ugali. Baba yangu, Jovin, alikuwa wakala. Wafanyabiashara wa Tanzania na Kenya walinunua vitu Guangzhou, yeye akavifungasha na kuvipeleka bandarini. Jumamosi kazi ilisimama. Tulikaa juu ya maboksi tukalizunguka sinia moja, na hapakuwa na bosi wala kibarua. Mimi Agripina, mwenye miaka kumi na miwili, nilikula haraka kuliko wote. Kioko, mpakiaji wetu kutoka Machakos, alinisogezea mchicha kila nilipojifanya nimeshiba.

Ulikuwa mwaka 1998. Mama alikuwa amefariki mwaka uliotangulia, ndiyo maana Baba akanichukua niishi naye. Shule sikuwa nayo. Nilifundishwa na jirani yetu wa ghorofa ya juu, mzee Mmarekani aitwaye Rodgers, aliyekuja kufundisha sheria chuo kikuu. Sisi tulimwita Babu Jaji, kwa sababu kwao alikuwa jaji wa mahakama ya shirikisho, inayosimamia sheria za taifa zima. Jumamosi alikula nasi, mchuzi ukimdondokea kwenye tai.

Kazi yangu ilikuwa kuchora alama kwenye maboksi, maana kila mteja alikuwa na yake. Alama ya Joachim wa Dar es Salaam ilikuwa pembetatu. Ya Mama Ndinda wa Nairobi, aliyekuwa akiishi Guangzhou na kutupikia ugali wa Jumamosi, ilikuwa pembetatu yenye nukta katikati. Ijumaa moja nilikuwa na haraka ya kwenda kutazama katuni, nikachora ovyo kama kuku anayeparura. Boksi moja la Mama Ndinda, lililojaa mikebe ya jometri, likakosa nukta. Kioko alifuata alama, akalipakia kwenye kontena la Dar.

Siku nne baadaye Mama Ndinda alikuja kukagua mzigo wake.

"Kioko, boksi yangu moja iko wapi? Ni wewe tu uko na ufunguo ya stoo."

"Mama, mimi nilipakia vile alama zilikuwa," Kioko alijibu.

"Boksi haina miguu, kijana."

Pale pale nikaikumbuka ile nukta. Majuto ni mjukuu, watu husema, lakini yangu hayakungoja hata dakika moja. Nilimtazama Baba, nikaona uso wake umekunjamana, nikaogopa. Nikashika brashi nikaendelea kuchora alama.

Hakuna aliyempiga Kioko wala kumtukana. Jumamosi ilipofika, Mama Ndinda alimpakulia ugali wake kwenye sahani ya bati, akaiweka ngazini, mbali na sinia. Baba aliona, akainamisha kichwa. Kioko aliichukua ile sahani akala akiwa ametugeuzia mgongo. Babu Jaji aliacha kula, akanawa mikono na kuondoka bila kuaga.

Jumatatu nilipokwenda kusoma, hakufungua kitabu.

"Nilikokulia mimi," alianza, "watoto weusi walikuwa na shule zao na watoto weupe zao. Mwaka nilioapishwa kuwa jaji, baba mmoja mweusi alimleta binti yake mahakamani. Alitaka asome shule iliyokuwa mbele ya nyumba yao, lakini ilikuwa ya weupe tu. Sheria ilikuwa upande wake, na mimi nilijua. Ila niliwaogopa majirani zangu. Nikaahirisha kesi. Nikaahirisha tena. Ikapita miaka mitatu."

"Halafu, Babu?"

"Halafu nikaona aibu, nikaamuru mlango ufunguliwe. Baada ya hapo nikafungua shule nyingine nyingi, kwa miaka kumi na tisa. Kanisani watu walihama benchi letu. Dirisha la chumba cha mwanangu lilivunjwa kwa jiwe. Mke wangu alipokufa, majirani waliokuja kuzika walikuwa wanne. Hayo yote nimeyasamehe. Kuna moja tu linaloninyima raha."

Alitoa kwenye pochi karatasi iliyochakaa mikunjo.

"Siku ya hukumu, binti yule alikuwa amekwisha kuacha shule, anafua nguo za watu. Aliniandikia hivi: 'Asante kwa niaba ya wadogo zangu. Mimi ulinichelewea.'"

Akalia. Nilikuwa sijamwona mzee akilia tangu mazishi ya Mama. Kisha akaniuliza, "Agripina, Jumamosi hukugusa chakula. Una neno?"

"Sina, Babu," nikadanganya. Nilijiambia nitasema kesho. Kesho yake pia nikajiambia hivyo.

Jumatano mchana nilishindwa kuvumilia, nikamweleza Baba kila kitu. Hakunigomba. Alinishika mkono tukakimbia hadi chumba cha Kioko. Godoro lilikuwa tupu, na jirani yake akatuambia amekwenda kupanda ndege arudi Kenya. Tulipanda teksi kwenda uwanja wa ndege wa Baiyun, tukakwama kwenye foleni ya Barabara ya Huanshi. Tulipofika, ndege ilikuwa imeondoka.

Kontena la Dar lilifunguliwa mwezi uliofuata. Boksi lilikuwemo, halijaguswa. Jumamosi hiyo nilisimama mbele ya watu wote nikasema kosa ni langu. Mama Ndinda alimpigia simu Kioko huko Machakos, akamwomba msamaha huku akilia. Sauti ya Kioko ilisikika mpaka tulipokaa.

"Nimeshukuru, Mama. Lakini sirudi. Ile siku ya sahani, hakuna mtu aliniuliza. Mwambieni Agi asilie sana."

Nililia sana.

Babu Jaji aliniweka karibu naye. "Umesema ukweli, na jina lake limesafishwa. Umefanya vyema," alisema. "Lakini kumbuka, mwanangu: ukweli hauozi ukichelewa. Anayeharibika ni yule anayeungoja. Ukijua haki iko wapi, iseme leo."

"Na sisi wakubwa," Baba akaongeza, "tulimtenga mtu kabla hatujamsikiliza."

Mama Ndinda aliinuka. Alipakua ugali wake kwenye ile sahani ya bati, akaenda kuketi ngazini peke yake. Kisha Baba akalibeba sinia akalipeleka huko huko, tukabanana kwenye ngazi tukala, tukiacha nafasi ya mtu mmoja.