Kivuli cha Carimo

Carimo alikutwa amekufa Alhamisi saa kumi alasiri, ndani ya chumba cha barafu cha bandari ya Mocímboa da Praia, kaskazini mwa Msumbiji. Alilala chali baina ya masanduku mawili ya nguru. Mfupa wa koo ulikuwa umevunjika. Chini ya kucha zake kulikuwa na ngozi ya mtu mwingine.

Ufunguo wa chumba ulikuwa mmoja, na mwenye dhamana nao alikuwa mlinzi, Sufo. Ndiye aliyeikuta maiti, ndiye aliyepiga simu, na ndiye aliyewekwa mahabusu.

"Carimo aliniomba ufunguo saa nane," Sufo alisema. "Alikuwa na maongezi na mtu wa Chama. Akaniambia niende zangu nikale. Niliporudi, ufunguo ulikuwa mlangoni."

"Mtu gani?" aliuliza Inspekta Felismina.

"Ningemjua, mama, ningekuwa hapa?"

Felismina alimkunjisha mikono ya shati. Ngozi yake haikuwa na mkwaruzo hata mmoja. Kwake hilo lilitosha. Kwa mwendesha mashtaka halikutosha. Vipimo vya ngozi vingechukua wiki sita, na Sufo alipaswa kupelekwa gerezani Pemba, mji mkuu wa mkoa, Jumamosi saa nane mchana.

"Usiniletee habari za Chama," mwendesha mashtaka alimwambia kwa simu. "Sheria haina kifungu cha vivuli. Nipe jina moja, nitasaini hati ya kumkagua mtu mmoja. Siwezi kuuvua mashati mji mzima."

Chama cha Kivuli kilijulikana kutoka Palma hadi Olumbi. Wanachama walituma vivuli vyao mahali ambapo miili haikufika, navyo vilirudi na habari. Mwenyekiti alikuwa Carimo. Wengine hakuna aliyewataja, kwa sababu ya kiapo.

Ijumaa Felismina aliwahoji watu kumi na mmoja waliofanya biashara na marehemu. Alianza na Zubaida, muuza samaki.

"Wewe ni mwanachama?"

"Mimi mwanamke wa samaki, bibi. Chama changu sufuria."

"Nani alikutana na Carimo?"

"Sijui."

"Sufo atafungwa kwa kosa la mtu mwingine."

"Mungu amsaidie. Nyinyi watu wa bara, wa Mueda, mnapenda maswali! Mngependa na majibu, mngekaa mkasikiliza."

"Nimekaa. Nasikiliza."

"Basi sijui."

Kumi waliobaki walisema hivyohivyo, bila mzaha. Kufikia jioni Felismina alikuwa amevunja penseli mbili. Sajenti Cosme alimpa ya tatu.

Lilibaki jambo moja ambalo wanachama hawakuweza kulificha. Hawakanyagi kivuli cha mtu. Kwao hata kivuli cha marehemu hubaki na mwili hadi kaburini, nacho hakikanyagwi. Mtu anaweza kuufunga mdomo wake. Miguu ni kazi zaidi.

Jumamosi saa tatu asubuhi, ndugu wa Carimo walikuwa nje ya kituo wakidai maiti yao kwa sauti. Felismina aliagiza machela yenye maiti ya Carimo iwekwe uani, juani, imefunikwa turubai. Wale kumi na mmoja waliitwa waje kusaini maelezo yao kwenye meza iliyokuwa ng'ambo ya machela. Yeye alisimama langoni, kivuli chake kikiwa kimekata njia.

Saba walikanyaga vivuli vyote viwili. Watatu, Zubaida mmojawapo, walivizunguka vyote viwili.

Wa mwisho alikuwa Mudi, fundi wa injini za boti, ambaye mji mzima ulimjua kwa mwavuli wake mweusi. Alikizunguka kivuli cha Inspekta kwa hatua mbili za upande. Kisha akakikanyaga kivuli cha machela, moja kwa moja hadi mezani.

"Umeona, chefe?" Cosme alimnong'oneza mkuu wake.

"Nimeona. Piga simu. Jina moja."

Hati ilifika kwa WhatsApp saa nne na nusu.

"Kunja mikono ya kanzu, Mudi."

"Kuna nini?"

"Kunja."

Mikwaruzo minne mkono wa kushoto, mitatu wa kulia.

"Propela," Mudi alisema.

"Propela ina kucha? Kwa nini ulikizunguka kivuli changu?"

"Adabu, mama."

"Cha Carimo umekikanyaga kwa viatu. Adabu iliishia langoni?"

Mudi aliishusha mikono ya kanzu.

"Wenzako watatu wamekizunguka. Wanaamini bado kipo pale. Wewe umejuaje kwamba hakipo?"

Mudi aliangalia viatu vyake, kama fundi aliyekumbuka spana aliyoisahau ndani ya injini.

Felismina alimwongoza hadi mlangoni, penye jua, naye akafungua mwavuli. "Funga mwavuli."

Mudi aliufunga. Sakafuni kilionekana kivuli cha mwavuli, chembamba, kikielea peke yake. Cha mtu hakikuwapo.

"Changu kilipotea," Mudi alisema. "Tulipokimbia vita Palma, binti yangu Kuluthumu alinitoka mkononi. Alikuwa na miaka tisa. Nikakituma kimtafute. Mwaka wa nne huu, hakijarudi. Nikamwomba Carimo atume chake. Akasema mwenyekiti hatumi kivuli kutafuta maiti. Maiti! Mwanangu!"

"Ukamkaba."

"Nikamkaba. Kivuli cha anayekufa humtii aliyemshika. Nikakituma palepale."

"Na Sufo?"

"Nilidhani kitarudi upesi, halafu nijilete mwenyewe."

"Siku mbili, Mudi. Ulijua yuko ndani."

"Nilijua."

Cosme aliandika yote, Mudi akasaini. Saa saba na dakika kumi Sufo alitolewa. Hakumshukuru mtu. Alidai mkanda wake, akaondoka kwa miguu.

Mudi aliomba kitu kimoja tu: selo yenye dirisha. "Kivuli kikija na habari za mwanangu, lazima kinione."

Kituo kilikuwa na selo moja yenye dirisha, ile aliyotoka Sufo. Felismina aliifungua mwenyewe. Mudi aliingia, akasimama katikati ya mraba wa jua. Mwanga ulimfika, ukampita, ukauangukia ukuta mzima nyuma yake.